Kengele Ambayo Ziwa Halikuileta

Saa kumi alasiri jua linaegemea upande wa Congo, linaligonga ziwa, na ziwa, kwa kuwa halipendi kubaki na kitu cha mtu, linakurushia wewe mwanga wake huko kilimani. Mwanga unapanda. Unapita juu ya mabati, juu ya mikaratusi, juu ya vumbi la barabara ya Rugerero, unapanda ngazi zako, unapapasa mawe yako meusi ya volkano, unaingia mnarani na kuishika kengele. Hakuna anayeubeba. Unafika wenyewe.

Wewe kanisa kuu, mama wa mawe, mwenye mabega mapana kuliko bondia: Gisenyi nzima hakuna anayekujua kama mimi, na sijawahi kuandika juu yako hata neno moja la uongo.

Bon, haya. Hiyo sentensi tuiache hapo kwanza. Nitairudia.

Nakujua, lakini. Najua benchi la tatu upande wa kushoto linalia kama mbuzi kila padri anapotaka kimya. Najua njiwa wako hawana dini: asubuhi wako kwenye misa, adhuhuri wako juu ya msikiti wa mjini, na kote wanapokelewa. Najua nyuma ya sakristia kuna pembe yenye baridi hata mwezi wa saba, kwa sababu hapo ndipo nilipokuwa nikijificha katekista akiuliza nani amekula zabibu za altare.

Ndiyo maana vijana wa parokia walinijia. Valentin, wakasema, we iko na mudomo, we iko na mashini ya kompyuta, turekebishie makala. Makala yako, mama. Ile ya kamusi elezo ya mtandaoni, ambayo mtu wa mbali anaisoma kabla hajakuona. Juu kabisa wamekubandika onyo: makala hii inahitaji kuhakikiwa na kuboreshwa. Kama mgonjwa mwenye karatasi miguuni pa kitanda. Na jubilei yako imekaribia, na historia iliyomo kwenye makala itachorwa kwenye kibao kikubwa cha mlangoni, na Sulaiman, fundi wa kuchora maandishi, alisema atakuja kuichukua Ijumaa saa kumi na nusu. Hangojei. Saa yake inafuata sala, siyo watu.

Nikawaambia: mchana mmoja unanitosha.

Nikaingia kazini. Nilikuta umepewa minara miwili. Mmoja nikaubomoa kwa kidole. Nilikuta umejengwa kwa matofali. Nikakurudishia mawe yako. Nilikuta koma zimetawanyika kama kuku wa Mudende mvua inapoanza; nikazifukuza mpaka zote zikaingia bandani. Nikajinyoosha kwenye kiti cha maktaba ya parokia, nikajipongeza kwa sauti. Kisha macho yakafika aya ya nne, na kiti kikawa cha moto.

Nikainuka, nikakaa, nikainuka tena.

Aya ya nne inasema: kengele ya kanisa ilitoka ziwani yenyewe. Wavuvi waliikuta wavuni alfajiri moja, nyepesi kama kikapu, nayo ikapanda kilima bila kubebwa na mtu yeyote.

Nzuri, siyo? Ina mdundo. Aliyeiandika ana kipaji.

Niliiandika mimi.

Nilikuwa na miaka kumi na sita, somo la kompyuta, mvua juu ya mabati, mwalimu ametoka kutafuta chaki. Wenzangu walitaka kucheka, na mimi, mama, mtu akitaka kucheka siwezi kumnyima. Nilidhani itafutwa kabla ya maharage ya saa sita. Haikufutwa. Mwaka uliofuata ikaingia kwenye kijitabu cha wageni. Vijana wanaotembeza watu ufukweni wakaishika, wakaiongezea mwezi mpevu na dada watawa wakiimba. Wageni wakalia machozi. Halafu mtu mwema, sijui wa nchi gani, akarudi kwenye makala, akaona sentensi yangu iko uchi, akaivisha tanbihi: chanzo, kijitabu cha wageni. Unaona safari hiyo? Uongo wangu ulitoka kwangu na kaptura, ukazunguka mjini, ukarudi umevaa suti, na mlangoni ukanipita bila salamu.

Hadi hapo ningecheka. Ningecheka, lakini kulikuwa na bibi mmoja mzee, Mukecuru Pascasie.

Asubuhi anauza sambaza, vile vidagaa vya ziwani, huko mwaloni boti zinapotua, mchana anapanda kwako. Mjukuu wake Belise ndiye anayepanga karatasi za zamani za maktaba, na yeye anakaa karibu na dirisha, anachambua maharage. Kusoma hajui. Siku ile aliomba asomewe makala, Belise akasoma, na kwenye aya ya nne mikono ya mukecuru ikasimama ndani ya maharage.

"Bila kubebwa na mutu?" akasema. "Baba yangu Mbarushimana alibeba hii kengele. Mi nilikuwa na miaka saba. Nilikuwa nyuma yake na kibuyu ya maji."

Akasimulia, na hakusimulia kwangu, alisimulia kwa maharage. Kengele ilishuka kwenye boti, ikazama mchangani hadi kiunoni. Wanaume kumi na wawili. Miti ya mikaratusi, kamba za katani, kata za majani ya migomba juu ya mabega. Siku mbili za kupanda. Kwenye kona ya mwisho, hapo ambapo leo wanaegesha pikipiki, kamba moja ilicheza na uzito wote ukamlalia Mbarushimana begani. Mtulinga ukavunjika. Pascasie aliusikia, sauti ndogo, kama kijiti cha kuwashia moto. Na hakuiacha, maana angeiacha ingewarudia wa nyuma. Akaifikisha. Tangu siku hiyo mkono wake wa kulia haukupanda tena. Akawa anafanya ishara ya msalaba kwa mkono wa kushoto, na watu wakamcheka, humu ndani yako, mama, chini ya kengele aliyokuletea.

Ulikuwepo. Mbona hukusema?

Najua. Na mimi nilikuwepo kwenye somo la kompyuta.

Kisha mukecuru akaniomba mambo mawili. La kwanza, kibao kikishasimama, asimame mlangoni, Belise amsomee, asikie jina la baba yake. Basi, hataki sherehe. La pili alilisema akiwa ameniinamia kidogo, kama mtu anayemtuma mtoto anayemwamini.

"Nitafutie huyu mutu aliandika hii. Simutakii mubaya. Nataka tu aniangalie."

"Nitamtafuta, mukecuru," nikasema. Na uso wangu, huu uso ambao haujawahi kukaa kimya dakika mbili, ukaenda kujificha nyuma ya kioo cha mashini.

Jumatano niliifuta aya ya nne, nikaandika Mbarushimana na wenzake kumi na mmoja. Nusu saa haikupita. Kuna mhakiki, huko mbali, sijawahi kumwona, namwazia ana miwani na chai isiyo na sukari. Alirudisha kila kitu, kwa adabu. Umeondoa maelezo yenye chanzo, aliandika. Maelezo yako mapya hayana chanzo. Tafadhali leta chanzo.

Umesikia, mama? Uongo una karatasi. Bega lililovunjika halina karatasi.

Nikainuka, nikakaa, nikainuka tena. Nikateremka hadi mwaloni, nikanunua sambaza nisiyoitaka. Nikaenda hadi mpakani, nikawaangalia akina mama wanavuka na beseni za mboga kuingia Goma, kila mmoja amebeba kitu, kila mmoja shingo imenyooka, na mimi mikono mitupu, nimechoka kuliko wote. Nikarudi na moto, ile pikipiki ya kukodi. Dereva aliniuliza ninaenda wapi, nikamwambia twende tu.

Alhamisi Belise, mwenye subira ambayo sijui aliipata wapi, akafungua sanduku la mwisho. Ndani mlikuwa na daftari ya misheni, ile ambayo mapadri waliandika kila siku mvua, mazishi, mifuko ya chokaa. Ukurasa umeliwa na mende pembeni, lakini wino upo. Leo kengele imefika juu. Wabebaji kumi na wawili. Na majina, moja chini ya jingine, na la sita ni Mbarushimana, na mbele yake padri ameongeza: ameumia begani.

Pascasie hakulia. Aliomba kidole chake kiwekwe juu ya jina. Kikawekwa. Akakaa hivyo muda mrefu, kama mtu anayepima mapigo ya mgonjwa.

Nikaruka. Nikaandika, nikaweka tanbihi, nikampelekea mhakiki picha ya ukurasa. Akajibu: kazi nzuri, ahsante. Sasa tuna vyanzo viwili vinavyopingana. Simulizi zote mbili zibaki, mpaka mtu aonyeshe kwamba kijitabu cha wageni hakiaminiki.

Na mtu wa kuonyesha yuko mmoja tu duniani. Sentensi yangu ina umri mkubwa kuliko kijitabu, kwa mwaka mzima. Tarehe zipo. Ingetosha niandike: kijitabu kilinakili utani, na mtani ni mimi. Maneno saba, manane. Mimi ambaye maneno hayanilipishi, mimi ambaye nikianza kusema kwenye kilio cha mazishi wanaanza kucheka. Kidole kilifika kwenye kibodi, kikarudi. Kikafika, kikarudi. Nikajiambia: simulizi mbili ni utajiri. Nikajiambia: baada ya jubilei. Nikajiambia mengi, ninajua kujiambia.

Ijumaa, saa kumi na dakika kadhaa. Sisi watatu maktabani. Belise akamsomea bibi yake kitakachokwenda kwenye kibao: wengine husimulia kuwa kengele ilitoka ziwani yenyewe, wengine kuwa ilibebwa na Mbarushimana na wenzake.

Mukecuru alifikiri.

"Donc, basi," akasema, "baba yangu na samaki, bamekuwa sawasawa."

Nilicheka. Peke yangu. Kicheko kikaenda hadi kwenye makabati, kikakosa mahali pa kukaa, kikanirudia.

Belise akauliza kama kuna mahali panapoonyesha nani aliandika nini. Nikamwambia hayo ni mambo mazito, yanataka wataalamu, pengine wa Kigali, pengine hata wa Kigali hawawezi. Wakati ninazungumza yeye alikuwa ameshabonyeza. Historia ya makala ikateremka kwenye kioo, tarehe, saa, majina, tarehe, saa, majina, na kidole chake kikateremka nayo bila haraka, kama mtu anayeshuka kisimani. Nikaongea. Niliongea juu ya mpira, juu ya mvua ya Mudende, juu ya bei ya viazi. Sijui niliongea nini.

Kidole kikasimama.

"Komanda Sambaza," akasoma.

Siku hizi ninaandika kwa jina langu la ubatizo. Wakati ule nilikuwa na jina lingine, na jina hilo, mama, mji mzima unajua ni langu, tangu bweni, tangu siku nilipokula sambaza za meza nzima na kuwaapia kuwa ni paka. Belise alikuwa meza hiyo. Alikuwa pia kwenye somo la kompyuta, dawati la pili, alicheka hadi akashika ubao, na nilimwona sasa akikumbuka alichokuwa anakicheka. Hakuangalia kioo tena.

Mukecuru Pascasie hakuhitaji kusomewa. Aliweka ungo wa maharage chini. Alijifuta mikono kwenye kitenge, mmoja, kisha wa pili.

"Komanda," akasema. "Niangalie."

Nje, kwenye ngazi zako, Sulaiman alikohoa mara moja. Belise akanisogezea mashini. Na mwanga wa ziwa ulikuwa umefika, mama, saa yake ile ile, lakini safari hii niliona unapopitia: uliingia dirishani, ukapanda mgongo wa mukecuru, ukapita juu ya bega lake la kulia, hapo hapo ambapo watu huweka kata, kisha ukaniangukia machoni, na ulikuwa mzito.

Nikakaa. Nikamwangalia, kisha kidole kikafika kwenye kibodi, na hakikurudi. Sikuinuka.