Machozi ya Papa Kitsa

Kwa miaka thelathini na miwili Papa Kitsa alikuwa ameigiza kila kitu ambacho televisheni na filamu za Butembo ziliweza kumwomba: chifu wa kijiji, padiri, mlevi, mwizi wa mbuzi, hata nyanya mwenye meno mawili. Kwa hiyo shirika moja la misaada lilipomwita aende Kalunguta, kwenye filamu yake kuhusu watu waliokimbia vita, alidhani atapewa nafasi ya kucheza. Wapi! Aliitwa kumfundisha mjane kulia.

Ndiyo, kulia. Watu wazima, na akili zao timamu, walikaa wakapanga jambo hilo. Mjane mwenyewe, Kavira, mumewe aliuawa shambani mwezi wa pili. Alikaa mbele ya kamera akaeleza yote polepole, kwa sauti kavu, kama mtu anayeelekeza mgeni njia. Zacharie, mwenye kuongoza filamu, akakunja uso.

"Ni muzuri, mama, lakini machozi iko wapi? Bazungu ba misaada habatatoa kitu. Papa Kitsa, umusaidie."

Akamtilia mkononi kakopo ka mafuta ya mafua, yale ambayo waigizaji hupaka chini ya macho ili machozi yatoke. Kitsa alitaka kukarudisha. Lakini Zacharie alikuwa amemwahidi nafasi kubwa katika filamu ijayo, na ulikuwa mwaka wa pili sasa hakuna aliyemwita kuigiza. Akachovya vidole, akainama mbele ya yule mama.

Kavira akamtazama usoni.

"Baba, kumbe ni weye. Tulikuwaka tunakuangalia ku télé na bwana yangu. Siku ile ulizika mutoto yako ku filme, bwana alilia mupaka akakataa kula." Akanusa vidole vya Kitsa. "Donc machozi yako ilikuwa hii?"

Kitsa akarudisha mkono nyuma. Alimwonea kinyaa Zacharie, na alijionea mwenyewe pia.

"Paka tu," Kavira akasema, akamletea uso. "Balisema bunga ya ugali itakuja filme ikiisha."

Akapaka. Machozi yakashuka, na Kavira akaendelea kueleza kwa sauti ileile kavu.

Kitsa akaenda nyuma ya turubai la kibanda cha mama yule, akatapika. Alipojipangusa uso, vidole vile vyenye mafuta vikamgusa macho, nayo yakaanza kutiririka machozi. Zacharie akamkuta hivyo, akampiga begani.

"Artiste ni artiste! Filme ijayo, utacheza baba ya marehemu."

Kitsa akaitikia ndiyo.