Namba Chini ya Ngozi ya Mgeni

Mbwa yule alishuka kwenye lori la ndizi pale Nyakanazi, akaingia moja kwa moja kibandani kwa Scolastica, muuza chai na chapati, akalala chini ya meza. Scolastica akamwita Mgeni. Wiki ya tatu, abiria wa basi wakiwa wanakunywa chai, Mgeni akaanguka. Miguu ikakakamaa, povu likamtoka.

"Kichaa hicho!" akapiga kelele Philbert, fundi pancha wa jirani, akakamata chuma cha kubandulia matairi. Wenzake wakaokota mawe.

Scolastica hakuwa mtu wa kubishana na wanaume wa stendi. Lakini siku hiyo alijikuta amesimama mlangoni, mikono imejaa unga. "Mwiteni daktari wa mifugo kwanza. Akisema auawe, sitawazuia."

Daktari Joan alifika kwa pikipiki, Mgeni akiwa ameshatulia, anawashangaa watu. Joan alimwamkia Scolastica, akavaa glavu nene, kisha akapitisha kifaa mfano wa rimoti juu ya shingo ya mbwa. Kikalia.

"Mama, huyu ana kitambulisho. Kiko chini ya ngozi, kidogo kama punje ya mchele."

Akaandika ile namba kwenye simu. Mtandao ukasumbua, Philbert bado ameshika chuma chake. Hatimaye taarifa zikafunguka, na Joan akasoma kwa sauti wote wasikie: anaitwa Bosi, chanjo ya kichaa amepata Februari, ana kifafa tangu mdogo, dawa, nusu kidonge asubuhi na jioni. Mwenyewe ni Ansbert, mwalimu mstaafu wa Kibimba, Ngara.

"Kumbe na mbwa hupata kifafa?" Philbert akauliza, akishusha mkono.

"Hupata. Hata hivyo tutamfunga siku kumi tumwangalie, kwa usalama."

Joan alileta dawa ileile iliyoandikwa. Scolastica akawa anaificha ndani ya kipande cha chapati, asubuhi na jioni. Mgeni hakuanguka tena.

Siku ya kumi na moja mwalimu Ansbert, aliyekuwa amepigiwa simu na Joan, akaja pamoja na daktari huyo. Mbwa alimrukia hadi kofia ikamdondoka. Scolastica akageukia jiko, akawa anapuliza moto uliokuwa unawaka vizuri tu.

"Binti yangu wa Mwanza ndiye aliyemwekea kitambulisho," mwalimu alisema. "Nilimcheka sana. Mbwa na kitambulisho, wapi na wapi!" Kisha akamgeukia Joan. "Daktari, kwenye taarifa zake kuna nafasi ya namba nyingine ya simu?"

"Ipo, mwalimu."

"Mwandike na huyu mama. Bila yeye ningekuja kuchukua nini?"

Scolastica alitaja namba yake, akaikosea, akairudia polepole.

Walipoondoka, Philbert alikuja kunywa chai. Akauliza kama paka naye huwekewa kitambulisho.