Boti ya Yaya René

"Munyanyue miguu, mayi inaingia," kaka yangu alisema kwenye kipaza sauti, na watu karibu sitini, ndani ya ukumbi wa bati usio na hata dimbwi, wakanyanyua miguu.

Nililiona hilo kwa macho yangu, nimesimama mlangoni na beseni la mandazi. Mabenchi yalilia. Akina mama walikusanya vitenge vyao magotini. Mzee Nizigama, Mrundi anayetengeneza redio karibu na soko, alivua viatu akavipakata. Kwenye televisheni boti nyeupe ilikuwa imelala ubavu, ikikata maji ya rangi ambayo sikuwa nimewahi kuiona hata kwenye kitambaa. Watu wa upande wa kushoto, ambako boti ilikuwa inalalia, walianza kujivuta kwenda kulia ili tusizame.

Hakuna aliyeirekodi sauti yake siku ile. Lwaboshi, mwenye ukumbi, alikataza simu kuwashwa ndani, akiogopa watu wasije wakaonyesha kazi yake kwingine. Kwa hiyo miaka sita ya Yaya René, yaya kwetu ni kaka mkubwa, imebaki vichwani mwa watu, na kila nikiuliza, kila mtu ananipa maneno tofauti. Ndiyo maana nimenunua daftari.

Kazi yake ilikuwa kutafsiri filamu. Alikaa kwenye kiti cha plastiki pembeni ya televisheni, akapunguza sauti ya Wachina au ya wazungu, kisha akasema yeye, kwa Kiswahili chetu cha Kongo, sauti zote: za wanaume, za wanawake, hata za farasi. Watu walimjibu, walimtukana adui, walimwonya shujaa. Hapa Dzaleka, kambi ya wakimbizi ya Malawi, mtu haendi video ili akanyamaze.

Lakini mwaka ule, miaka miwili sasa, Lwaboshi alikuwa amemchoka. Alisema René anarudia utani na sauti imezeeka. Alikuwa ameshamleta Guelord, kijana wa Bukavu aliyewahi kusoma matangazo redioni, na siku ile Guelord aliketi benchi la mbele, shati limepigwa pasi, akisubiri. Makubaliano yalifanyika mbele yangu. Filamu ya mapigano ilikuwa imetangazwa wiki nzima. Watu wakitoka wameridhika, René anabaki. Mmoja tu akidai kurudishiwa kiingilio chake, kipaza sauti ni cha Guelord.

Filamu yenyewe Yaya René aliifuata Lilongwe siku ya Ijumaa. Alipata kibali cha kutoka kambini siku moja, akapanda kabaza mpaka barabarani, akakaa nyuma ya yule mwendesha baiskeli akimfundisha kulia kama farasi. Huko, mtaa wa Biwi, kuna duka dogo ambako wanakujazia filamu kwenye flashi. Kijana wa duka alikuwa anajaza flashi mbili nyekundu kwa wakati mmoja: moja ya kaka yangu, nyingine ya ofisi fulani ya safari za watalii, ya kuwaonyesha wateja wanaosubiri zamu.

Mtafsiri mwingine angeifungua nyumbani aone ni nini. Yaya René hakuwahi kutazama filamu kabla ya watu. Alisema akishajua nani atakufa, sauti yake inawahi kumhuzunikia.

Kwa hiyo Jumamosi, saa nane mchana, joto la mwezi wa kumi limelala juu ya bati, ukumbi umejaa mpaka dirishani, tukasikia gitaa. Ikaja bahari. Yakaja maandishi meupe ya Kiingereza, ambayo mimi niliyefika kidato cha nne niliyasoma bila shida: safari ya boti katika kisiwa cha Karibiani, kuogelea kwa miwani na mrija, mapango, fukwe. Muda wake saa nzima. Hakuna mtu aliyekuwa akiongea humo.

Mwanzoni watu walivumilia.

"Mapigano itatokea mu mayi," mmoja aliwaambia wenzake kwa uhakika.

Tuliona mnazi. Tuliona mzungu akijipaka mafuta mgongoni. Nyuma wakaanza kupiga miluzi. Guelord aligeuza shingo taratibu, akatabasamu.

"Kaka, tupatie basi ata mwizi mumoja," mmoja wa nyuma alipaza sauti.

Ukumbi ukacheka, na haukuwa unacheka pamoja na kaka yangu. Lwaboshi alianza kupita kati ya magoti ya watu kuelekea kwenye waya wa kipaza sauti. Nilitazama mandazi yangu. Sikutaka kuona.

Ndipo Yaya René aliposimama. Alikuwa hasimami kamwe wakati wa kazi. Alishika mgongo wa kiti chake kama usukani.

"Leo hakuna mapigano," alisema. "Leo tuko na voyage. Mi njo kapiteni. Mwenye hajakaa, boti itamuacha."

Wachache waliokuwa wamesimama nyuma wakatafuta pa kukaa. Kisha mama mmoja wa Fizi akapaza sauti kutoka katikati.

"Kapiteni, gilet ya kuelea iko wapi?"

"Zimeisha, Mama. Kamata jirani."

"Na kama jirani hajue kuogelea?"

"Basi mutaongea njiani."

Tuliondoka. Siwezi kusema vingine. Aliwasha injini kwa koo lake, na nahisi mpaka leo jinsi benchi nililokuwa nimeegemea lilivyotetemeka. Akatutoa Dzaleka, akatupitisha Mponela akiwapungia mkono wauza mahindi, na tulipofika baharini akasema huku hakuna kizuizi, lakini polisi akiuliza kibali, mumwambie kiko kwa kapiteni. Ukumbi ulilipuka. Ni watu wa kambini tu wanaoweza kucheka vile kwa sababu ya karatasi. Mzee mmoja alipiga paji la uso kwenye benchi la mbele yake akirudia, kiko kwa kapiteni, kiko kwa kapiteni.

Boti ikalala ubavu, tukanyanyua miguu. Ufuo wa kwanza ukaja, mchanga mweupe kama unga wa nsima, ugali wa huku, na Mzee Nizigama akataka kujua kama unaota mihogo. Yaya René akamjibu kwamba unaota wazungu tu, na wanavunwa jioni wakishaiva. Lwaboshi alikuwa amesimama palepale alipofikia, mkono karibu na waya, mdomo wazi. Alikuwa ameegemea goti la mtu bila kujua.

Halafu wale watalii wakavaa miwani, na kamera ikaingia chini ya maji.

Televisheni yote iligeuka bluu. Viputo vilipanda. Kaka yangu akanyamaza.

Nilidhani anatafuta utani. Ila nilimwona mkono, jinsi vidole vyake vilivyong'ang'ania mgongo wa kiti, nikajua kwamba hatafuti kitu.

Tulivuka Ziwa Tanganyika nikiwa na miaka miwili. Yeye alikuwa na tisa. Tulipanda wanne, tukashuka watatu. Hicho ndicho nilichokijua. Mama alisema baba alibaki ziwani, akafunga mdomo, akaenda kuimba kanisani. Na Yaya René, aliyewasemea watu wote wa dunia, hakuwahi kumsemea baba.

Viputo viliendelea kupanda. Mtu akapiga mluzi.

"Kapiteni amezama," mwingine akasema, na wachache wakacheka.

Guelord akasimama, akajinyoosha shati, akanyoosha mkono. Lwaboshi akaushika waya.

Sikuwa nimewahi kusema neno ndani ya ule ukumbi. Mimi ni mtu wa mlangoni. Lakini nilisikia sauti yangu ikitoka, nyembamba, kama ya mtoto aliye ndani ya boti.

"Kapiteni, huko chini kuna nini?"

Yaya René aligeuza kichwa akanitafuta. Mwanga wa mlango ulikuwa nyuma yangu. Sidhani kama aliniona uso.

"Kuna fundi," akasema.

Kundi la samaki wa manjano lenye milia ya bluu lilipita. Akalionyesha kwa kidole.

"Fundi cherehani. Anakaa huku chini ku jiwe, na machine yake. Hii samaki yote munaona, iko anaishonea nguo. Hawa kitambaa ya manjano ilimupunguka, njo akaongeza bluu."

Kicheko kilirudi, safari hii chepesi. Guelord alibaki amesimama, mkono bado umenyooshwa, halafu akaushusha. Akaja samaki mnene mwenye madoa, na Yaya René akasema huyo ni mke wa pasta, amekataa mshono mara tatu. Akaja mwembamba kama sindano, akasema huyo ndiye aliyevaa nguo ya kaka yake. Watu walianza kuwatafutia majina. Akina mama walibishana kuhusu mikono ya gauni la pweza.

Na katikati ya vicheko hivyo, bila kubadili sauti, kaka yangu aliendelea kuongea na mimi.

Alisema fundi yule anashona huku ameshika pini mdomoni na kuimba puani. Alisema mfuko wa kushoto anaufanya mkubwa kuliko wa kulia, kwa sababu mtu akipata kitu anakificha upande wa moyo. Alisema siku moja fundi alipanda boti na familia yake, boti ikalemewa, dereva akaamuru vitu vizito vitupwe. Fundi akatupa mashine yake yeye mwenyewe, boti ikainuka.

"Kisha wimbi ikakuja," alisema. "Fundi hakutaka machine iende yenyewe."

Hapo mama wa Fizi aliacha kucheka. Wengine wachache pia, wale waliovuka. Ukumbi haukunyamaza, ulipunguza sauti tu, kama mtu anayepita mbele ya nyumba yenye mgonjwa.

"Hana mita," Yaya René akaendelea. "Iko na kamba. Fundo ya kwanza njo urefu ya bibi yake. Ya pili, kijana yake. Ya tatu hakuikaza. Alisema kabinti kangu kanakua, kesho tutaisogeza."

Beseni likanitoka mikononi. Mandazi yalitawanyika chini ya mabenchi, watu wakayaokota na kuyala, na mtu akasema hata chakula kwenye boti hii ni bure.

Nyumbani kwetu kuna kamba ya katani, imetundikwa msumarini juu ya Biblia ya mama. Utotoni niliwahi kuichukua nifungie mwanasesere, nikapigwa kofi, kofi pekee ninalolikumbuka kutoka kwake.

Pango lilikuja baada ya hapo. Boti iliingia polepole, giza likaijaza televisheni, na Yaya René akasema kila mtu aite kwao, tuone kama pango linapajua. Mmoja akaita Uvira. Kaka yangu akairudisha kwa sauti ya jiwe, Uvira, vira, ra. Basi ikawa vurugu. Waliita Baraka, Bukavu, Walungu, Bujumbura, waliita vijiji ambavyo sijavisikia tena, na kila jina alilirudisha, jasho likimtiririka, bila kuruka hata moja. Wapita njia waliingia kuona nani amekufa au nani ameoa. Guelord aliita Kadutu kwa nguvu zake zote za redio, akangoja jibu lake kama mtoto, akalipata.

Tukatoka kwenye mwanga. Ufuo wa mwisho.

"Mushuke polepole," kapiteni alisema. "Batoto kwanza."

Na watu wazima walisubiri. Nawaapia, walisubiri watoto watoke mlangoni, kisha wakatoka wao, baadhi wakiruka kizingiti ili wasikanyage maji. Hakuna aliyedai kiingilio. Walichodai kwa Lwaboshi ni kujua boti itaondoka lini tena.

Nilipofika nyumbani nilitungua kamba msumarini. Mafundo matatu. La kwanza na la pili yalikuwa magumu kama mbegu. La tatu, karibu na mwanzo, lilikuwa limelegea, ungeweza kulisogeza kwa ukucha. Mama aliingia kutoka jikoni akiwa na mwiko, akaniona. Nikangoja kofi.

"Nani alikuambia?"

"Yaya. Kule kwa video."

Alisimama na ule mwiko unaodondosha.

"Kumbe anakumbuka," akasema, akarudi kugeuza nsima.

Yaya René alibaki na kiti chake. Boti iliondoka mara nyingi baada ya hapo, ingawa yeye hakumtaja fundi tena, na mimi sikumuuliza tena. Mwaka huu mwezi wa sita aliugua siku kumi na moja, akafia hospitalini Lilongwe. Hapo sina la kuandika. Tulimrudisha, tukamzika huku.

Guelord ndiye mtafsiri sasa. Ni mzuri, farasi wake bado. Mwezi uliopita alikuja nyumbani, akavua kofia mbele ya mama, akasema watu wanataka boti na yeye hawezi kuiendesha. Akanitazama mimi.

"Dada Bora, we njo ulikuwa ndani."

Sikuahidi. Jumamosi nilienda na daftari langu, nikakaa kwenye kiti cha plastiki, ukumbi wote mgongoni kwangu. Nilikuwa nimeyaandika maneno yake kwa mpangilio, tangu gilet mpaka batoto kwanza. Gitaa likaanza. Bahari ikaja. Herufi zangu zikaanza kuogelea kwenye karatasi, na kile kitufe cha kipaza sauti sikukiona kiko wapi. Nilikuwa bado nakipapasa boti ilipolala ubavu.

Nilisikia mabenchi yakilia.

Nikageuka. Walikuwa wamenyanyua miguu, wote, mpaka dirishani. Na katikati, kati ya Mzee Nizigama na mama wa Fizi, alikuwa ameketi mama yangu, ambaye kwa sababu ya kanisa hakuwa amewahi kukanyaga video. Sijui aliingia saa ngapi. Alikuwa amekusanya kitenge magotini, viatu mkononi, nyayo zake zimeinuliwa juu ya sakafu kavu, akitazama mbele, akingoja kapiteni.