Muhindo Aliyetolewa

Tangu miji ya mashariki ya Kongo ianze kuanguka mikononi mwa waasi, watu wa Kivu waliokuwa Lubumbashi walijifunza kupunguza sauti. Muhindo alichelewa kujifunza. Aliuza maharagwe kwa jumla pale mtaa wa Ruashi, na kila asubuhi alipiga simu kwao Butembo kuuliza kama barabara inapitika. Jirani akasema anapeleka habari kwa adui. Askari wakamkamata.

Mahakama haikuona kosa. Hakimu aliamuru aachiliwe mara moja. Mkuu wa gereza akaipokea amri, akaipiga muhuri, na mlango ukabaki umefungwa. Kyakimwa, mkewe, alikwenda na kurudi mpaka walinzi wakamzoea.

"Mama Maharagwe," walimtania, "leo tena? Kwani kwako hakuna kitanda?"

Ndipo alipokwenda kwenye Tume ya Haki za Binadamu. Alipokelewa na Mama Mujinga, Mkasai wa maneno machache.

"Sina askari, mama," Mujinga alimwambia. "Lakini naweza kwenda kusimama pale, nione kama amri inafuatwa. Hawa bantu wa gereza hawapendi kuonwa."

Asubuhi iliyofuata walisimama pamoja mlangoni pa gereza. Mkuu aliisoma barua ya Tume polepole, akatuma mlinzi ndani. Kyakimwa alisikia jina la mumewe likiitwa uani, akausogelea mlango.

Mlango ukafunguka. Akatoka mwanamume mwembamba, mwenye kovu kidevuni. Hakuwa mumewe.

Kwa Wanande, kabila la Muhindo na mkewe, mtoto anayezaliwa baada ya ndugu wa jinsia nyingine huitwa Muhindo. Wako wengi, gerezani na nje.

"Amri ya tribinali imesema Muhindo," mkuu alisema. "Muhindo ni huyu. Mama atie sahihi kwamba amemupokea muntu wake, tufunge hii kazi."

Yule mtu alimtazama Kyakimwa, kisha akasema chini chini, kwa Kinande ili wengine wasielewe: "Dada, bwana wako, yule wa maharagwe, alichukuliwa Jumapili na lori la askari. Alipanda mwenyewe, kwa miguu yake. Hapa hayuko tena."

Kyakimwa alimweleza Mujinga. Mujinga akamgeukia mkuu. "Shefu, ule mwingine iko wapi?"

"Mwingine gani? Mimi niko na huyu tu."

"Na huyu, faili yake iko wapi?"

Mkuu akacheka kidogo. "Mama wa Tume, unanitafutia kazi. Andika tu, si ndiyo kazi yenu?"

Kyakimwa alimvuta Mujinga pembeni. "Nikisema ni yeye?"

"Atatoka. Na amri itakuwa imetekelezwa. Hakuna tena mahali pa kudai bwana yako."

"Nikisema si yeye?"

"Huyu atarudi ndani. Mimi nitaandikia mahakama kwamba amri haijafuatwa, na tutauliza lori lilikwenda wapi. Siwezi kukuahidi kama watajibu."

"Wewe ungefanya nini?"

"Usiniulize hiyo, mama. Bwana si wangu."

Yule mtu alikuwa amesimama palepale kwenye jua, viatu mkononi, kama mgeni ambaye hajaambiwa aketi. "Dada," alisema, "mimi sijafikishwa kwa hakimu hata mara moja. Nyumbani hawajui niko wapi."

Kyakimwa alitaka kumtazama usoni akashindwa. Akilini alimwona mumewe akipanda lori, akishika ubao wake, akigeuka kutafuta mtu wa kumwita.

"Si yeye," akasema.

Kisha akamuuliza haraka, kabla mlinzi hajamfikia: "Wewe ni Muhindo gani? Wa wapi?"

"Muhindo Liévin. Wa Lubero."

Mujinga aliandika jina hilo. Yule mtu aliinama akavaa viatu vyake, kimoja kimoja, akaingia. Kutoka uani wakasikia wafungwa wakiangua kicheko: "Muhindo! Umeshatembea Lubumbashi yote? Umesahau nini huku?"

"Twende kambini kwa askari, tuulize," Mujinga alisema. "Tusikae."

Lakini Kyakimwa alikuwa ameketi chini, mgongo kwenye ukuta wa gereza.

"Mama Mujinga," alisema, "nimemurudisha muntu ndani."

Mujinga hakumwambia hapana. Aliketi kando yake, akangoja mpaka mwenzake aweze kusimama.