Mlango Uliojibu "Nipo"

Mama Cherehani alikuwa akishona upindo wa sketi ya shule, pini zimejaa mdomoni, dalali wa mahakama alipoingia na wapagazi wake wawili wakaishika cherehani ikiwa bado na uzi.

"Samahani, mama," dalali alisema. "Nyanyua mguu basi, uko kwenye pedali."

Alitema kwanza pini kiganjani. "Kwa kosa gani, baba?"

"Ada za kibanda cha sokoni. Kesi umeshindwa."

"Kesi ipi? Mbona sikuitwa?"

"Uliitwa, na ukaenda. Jalada linasema mdaiwa alikuwepo."

Kile kibanda alikirudisha zamani, tangu mguu wake ulipovunjika. Mwenyekiti wa soko mwenyewe ndiye aliyepokea funguo, akamwambia pole. Angeitwa, angesema hayo tu, kisha angerudi kwenye sketi zake. Kwa kuwa cherehani ilikuwa imechakaa na thamani yake haikutosha, wapagazi walibeba na mlango wa nyumba.

Tarishi wa mahakama hakuwa mtu mbaya, ila baiskeli yake haikupenda mlima. Aliambiwa kwamba mtu asipopatikana, wito ubandikwe mlangoni. Mlango wa nani, hakuuliza. Chini ya mlima palikuwa na bucha iliyokufa. Kuta zilishaanguka, ukabaki mlango wa buluu umesimama na fremu yake, jirani na banda la chai. Tarishi alibandika pale wito wa mtaa mzima, akanywa chai yake, akaenda kuapa kwamba amefikisha. Na kweli alifikisha, kwa mlango.

Mlango nao, ukiwa umeitwa kisheria, ulikwenda. Haukutaka matata na serikali. Ulijichomoa kwenye fremu, ukafuata barabara kwa ubavuubavu na kusimama mbele ya hakimu. Karani alipoita jina la Mama Cherehani, ulijibu, "Nipo." Ulipoulizwa utetezi wake ulisema ukweli, kwamba haujui lolote kuhusu vibanda. Hakimu akaandika: mdaiwa hana utetezi. Kwa mtindo huo mlango ulikuwa umeshindwa kesi za nusu ya mtaa.

Mama Cherehani alichechemea hadi mahakamani, wifi yake nyuma. Walipouliza mdaiwa aliyekuwepo ni nani, karani aliwaonyesha mlango umeegemea benchi, ukingoja kesi ya fundi viatu.

"Ndio huu?" wifi aliuliza, akiukagua juu mpaka chini. "Jamani, hata rangi imeubabuka! Si wangekutafutia wa mninga?"

"Wifi, nyamaza. Mheshimiwa, mimi sikupewa taarifa. Naomba hukumu itenguliwe, nisikilizwe."

"Anasema kweli, mheshimiwa," mlango ulidakia. "Niliyebandikwa ni mimi. Huyu mama hata nyama hakuwahi kununua kwetu."

Hakimu alivua miwani, akafikiri kwa makini. Wito ulitakiwa ubandikwe mlangoni. Mlango umekiri kuupokea. Alilitupa ombi. Deni lililobaki, alisema, litadaiwa kwenye nyumba, na kabla ya nyumba kuuzwa mama atapewa taarifa ili aje ajieleze.

"Atanipa nani?"

Nyuma kabisa, tarishi alinyoosha mkono kwa adabu.

Mlango ulimfuata mama nyumbani, ukipumzika kila kona. Ulienea vizuri pale palipong'olewa mwenzake, wifi akazipigilia bawaba zake kwa misumari. Tangu siku hiyo Mama Cherehani alishona kwa mkono, amekaa nyuma yake, akisikiliza. Hata kuoga hakwenda bila kumwachia wifi zamu.

"Tarishi akija, nikuite kabla hajapaka gundi?" mlango uliuliza.

"Niite hata akipiga chafya."

Hakuja. Mlima ulikuwa bado mlima. Wateja walileta vifungo vya kushikiza, wakapitia upenuni ili wasiusumbue mlango, na jioni mama alikula huku ameuegemea.

Asubuhi moja bawaba zililia zenyewe.

"Mama," mlango ulisema, "mlango wa choo cha sokoni unapita kule chini. Unaelekea mahakamani. Una karatasi ya tarishi kifuani."

"Ya nani?"

"Ya nyumba hii."

Alitoka na shati la watu mkononi, sindano inaning'inia. Pale sokoni watu walikuwa wamepanga foleni mbele ya choo, kila mmoja akimshikia mwenzake shuka. Walimpisha, mmoja akamwambia akaze mwendo, mlango umetangulia kitambo. Alikaza. Mguu uliovunjika ukamkumbusha kila jiwe. Alipofika kwenye ngazi za mahakama alisikia karani akiita jina lake, lote, mpaka la baba yake. Akafungua mdomo. Pumzi haikutoka.

Ndani, bawaba zenye kutu zilijibu kwa heshima zote:

"Nipo."