Kazi ya Marehemu

Fundi Cheche, mchomeleaji wa mageti na madirisha, alikuwa mtu wa maneno machache, na fomu ya madai ya fidia ya kifo cha mkewe aliijaza kwa dakika kumi. Jina, umri, siku ya ajali. Mahali: kwenye kivuko cha waenda kwa miguu. Chombo: lori lililokatika breki. Palipoulizwa kazi ya marehemu, akaandika: Hana. Akatia sahihi, akarudi karakana, maana kuna geti la watu lilikuwa linangoja.

Miezi mitatu baadaye akaitwa ofisi ya bima ya lile lori. Afisa wa madai, mwanamke mwembamba mwenye mafua yasiyoisha, akamsogezea karatasi yenye kiasi cha fidia. Fundi aliisoma mara mbili, akidhani kuna sifuri imedondoka.

"Hii si inamaliza jeneza na usafiri tu?"

"Ndiyo hivyo, kaka. Tunaangalia pengo aliloacha marehemu, na wewe mwenyewe umeandika hakuwa na kazi." Akajifuta pua kwa adabu. "Ukiridhika, saini hapa. Usiporidhika, una siku kumi na nne za kuleta maelezo mengine."

Hakusaini. Si kwamba alikuwa na hoja. Kalamu tu ilimwia nzito.

Nyumbani, mama mkwe ndiye aliyeshika familia tangu mazishi. Alikuwa mhudumu wa wodi aliyestaafu, na miaka yote yeye na mkwewe walikuwa wakisalimiana macho chini, kila mmoja akimtunzia mwenzake heshima yake. Jioni ile alizikuta karatasi mezani, akavaa miwani, akazisoma mpaka nyuma.

"Nani kaandika hili neno, 'hana'?"

"Mimi, mama."

Fundi akangoja radi ipige. Haikupiga. Mama mkwe alivua miwani, akaenda chumba cha pili kumgeuza baba yake Fundi, mzee aliyekuwa amepooza upande mmoja, mwaka wa nne huo.

Asubuhi, kabla Fundi hajamaliza chai, mama mkwe akamkalia mbele.

"Baba, nikuulize. Yule mama anayekuja kumwogesha mzee, anakuja bure?"

"Hapana, mama. Namlipa kwa wiki."

"Na anayefua?"

"Naye namlipa."

"Dawa ya kifua ya binti yako mkubwa, anakunywa saa ngapi?"

Fundi akatazama ukuta kana kwamba jibu limebandikwa pale.

"Basi sawa," alisema mama mkwe. "Mwanangu hakuwa na kazi. Ila alipokufa tu, umeajiri watu wawili, na mimi wa tatu sina mshahara."

Aibu ilimpanda Fundi kutoka nyayoni. Miaka kumi na minne alikuwa akitoka alfajiri na kurudi magharibi, na akiulizwa mkewe anafanya nini, alijibu: yupo tu nyumbani. Hakusema kwa dharau. Kila mtu alisema hivyo. Hata marehemu mwenyewe alijisema hivyo.

Siku hiyo hakufungua karakana. Alichukua daftari, akamwomba mama mkwe ataje, yeye akaandika. Kumgeuza mzee kila baada ya saa mbili asiote vidonda. Ndoo nane za maji. Kliniki ya binti kila mwezi, foleni tangu alfajiri. Kupokea wateja wanaokuja nyumbani na kuwaandikia vipimo vya mageti yao.

"Vipimo?"

"Vile vikaratasi ulivyokuwa ukiletewa karakana. Ulidhani vinaandikwa na malaika?"

Fundi akacheka, kwa mara ya kwanza tangu msiba. Kisha kicheko kikageuka kilio, akatoka nje kunawa uso.

Wakili waliyemwendea aliyaandika yote katika hati ya kiapo, na wale wanawake wawili wakatia dole gumba kuthibitisha malipo yao. Afisa alisoma polepole.

"Kumbe kuna mgonjwa ndani? Mbona hukusema?"

"Hamkuuliza," alisema Fundi, kisha akajisahihisha. "Mliuliza. Nilijibu vibaya."

Kesi haikwisha kwa siku moja. Mwenye lori alivutana nao, na zile "njoo kesho" zikawa miezi saba. Mwisho wakalipwa mara nne ya kiasi cha kwanza, pungufu ya kile alichodai wakili. Sehemu kubwa iliwekwa benki kwa jina la watoto, nyingine ikawa ya matunzo ya mzee. Mama mkwe alipewa chake, akakipokea bila kujifanya hataki.

Shule zilipofunguliwa, akaaga. Fundi alimbebea begi mpaka stendi. Mguu mmoja ukiwa tayari kwenye ngazi ya basi, mama mkwe akageuka, akamtazama usoni.

"Huyu wa mwisho, jino la mbele linatikisika. Usimng'oe kwa nguvu. Liache litoke lenyewe."

"Nimesikia, mama."

Basi likaondoka. Fundi alitazama saa, akaona watoto wanakaribia kutoka shule, akashika njia kwenda kuwachukua.