Albamu ya Pili ya Bati

Albamu ya kwanza ya Bati iliuawa na kampuni. Hivyo ndivyo alivyomsimulia yeyote aliyekubali kuketi. Mkurugenzi, mtu mwenye kucha safi kuliko gita la Bati, alimshauri apunguze sauti yake na kuwapandisha waitikiaji, maana muziki wa namna ile, wa magita yanayokwaruza na viitikio vitamu vya kuimbwa na mtaa mzima, haumhitaji mtu anayefoka. Bati aligoma. Albamu ikatoka na sauti yake juu, kama alivyotaka, ikakaa dukani mpaka jalada likapauka. Lawama akaitwika kampuni: haikuitangaza kwa moyo.

Ya pili akaapa kuitoa mwenyewe. Akawa msanii, fundi mitambo, msemaji na mkurugenzi. Vikao vilikuwa vifupi na hoja zote zilipita. Safari hii watu wangemsikia yeye, Bati, bila mkono wa mtu kati yao. Hilo tu ndilo alilolitaka duniani, na alilitaka tangu mama yake alipompa jina hilo utotoni, kwa kuwa akianza kuimba wengine hawakuweza tena kuzungumza, kama mvua inapopiga paa.

Wa kuitikia alimwomba dada yake mkubwa, msaidizi wa daktari wa meno, ambaye hakuwahi kuona uimbaji kuwa jambo la kujadiliwa. Alikuja mchana mmoja na viatu vyake vyeupe vya kazini, akaingizwa ndani ya kabati la nguo, kwa sababu makoti humeza mwangwi, akaimba sehemu zake zote akiwa na mkono wa koti begani. Kisha akauliza kama amemaliza, akaenda kumchukua mtoto shuleni.

Ikabaki kazi ya kuchanganya sauti. Magita Bati aliyaweka kwenye spika ya upande mmoja, dada kwenye spika ya upande wa pili, na yeye mwenyewe katikati, mahali pa mwenye mali. Lakini hakuziamini hedifoni. Hedifoni, alisema, zinabembeleza. Aliamini gari la mikate alilokuwa akiendesha kila asubuhi kupeleka mikate madukani, kwa hoja kwamba wimbo ukisikika vizuri katikati ya trei zinazogongana, utasikika vizuri popote. Basi alisikiliza barabarani, akarudi nyumbani, akarekebisha, akaenda tena barabarani. Na kila safari kasoro ilikuwa ileile: dada hasikiki. Akampandisha. Bado hasikiki. Akampandisha tena, huku akiona huruma kwamba dada wa watu ana pumzi fupi.

Dada alitumiwa nyimbo zile kwenye simu, akazisikiliza kliniki wakati wa chakula. Jioni akampigia kumwambia kwamba amemweka juu mno, mpaka anajionea haya. Bati alicheka, akamweleza kwamba unyenyekevu ukizidi unakuwa maradhi, na kwamba yeye ashike meno ya watu, muziki amwachie mwenyewe.

Albamu ikatoka. Aliipandisha mtandaoni siku ya mapumziko, akaketi karibu na simu kama mtu anayesubiri kuzaliwa kwa mtoto wake.

Wa kwanza kupiga alikuwa mama yao.

"Hapo sasa umefanya la maana, mwanangu," alisema. "Kumtoa dada yako asikike. Na wewe umemwitikia vizuri, hukumzidi."

Bati akadhani mama amezeeka. Lakini mtangazaji mmoja wa redio akasema vivyo hivyo, akimsifu mwanamke mwenye sauti ya kukata kama wembe na kutaja kwa upole kwamba yuko pia mwanamume fulani anayejitahidi. Wasikilizaji wakaandika kutaka kujua huyo dada ni nani na kwa nini jina lake halipo kwenye jalada.

Asubuhi iliyofuata alimpakia shemeji yake, mume wa dada, kwenye gari la mikate ili apate shahidi. Akauwasha wimbo wa kwanza. Humo ndani Bati alitawala, na dada alisikika kwa mbali.

"Umesikia? Nani anaimba hapo?"

Shemeji aliinama, akabandika sikio kwenye mlango wa upande wake, akaugonga kwa vidole.

"Shemeji," alisema, "hii spika ya huku imekufa. Inakohoa tu. Una habari?"

Bati aliegesha gari kando. Mikate ilichelewa kufika madukani siku hiyo.

Mchana alifungua kompyuta kurekebisha, kwani hakuwa na wa kumwomba ruhusa. Akamshusha dada. Akavaa hedifoni, akasikiliza. Ulikuwa wimbo aliouota, yeye juu na wengine chini, na kufikia kiitikio cha pili akajikuta anapeleka mkono kumrudisha dada. Kidogo tu. Kisha kidogo tena. Ikabidi kikao cha mtu mmoja kiitishwe: mkurugenzi akapendekeza albamu iachwe ilivyo, msanii akatishia kujitoa, wakaachana bila azimio. Nyimbo zikabaki mtandaoni kama zilivyokuwa.

Wiki hiyohiyo mwenye ukumbi wa maonyesho akapiga simu. Alimtaka yule mwanamke. Bati alikwenda kliniki, akapanga foleni na wenye meno mabovu, na zamu yake ilipofika akaeleza shida yake kwa sauti ambayo mama yake asingeitambua.

"Nitakuja," dada alisema, akiendelea kupanga koleo za kung'olea. "Lakini ni mimi ninayeongoza. Ukianza kufoka, nashuka jukwaani naenda zangu."

Walifika ukumbini alasiri kujaribu vyombo. Fundi mitambo wa ukumbi alimwekea dada mikrofoni katikati, akaipimia urefu wake kwa heshima zote. Kisha akamgeukia Bati, aliyekuwa pembeni akikaza nyuzi za gita.

"Na wewe, kaka, unaimba?"

Bati akamtazama dada yake.

"Mpe," dada alisema. "Anaitikia."